Gemu ikigoma kufunguka, usikimbilie kuifuta

Nilibofya kitufe cha kuchezea saa mbili usiku. Kitufe kikabadilika rangi, kiduara cha kipanya kikazunguka sekunde tatu au nne, halafu kila kitu kikarudi kama kilivyokuwa. Hakuna dirisha lililotokea, hakuna ujumbe wa kosa, hakuna sauti. Nikabofya tena, vilevile. Nikazima kompyuta na kuiwasha upya, vilevile. Na gemu yenyewe ndiyo ileile niliyoicheza jana yake bila shida yoyote.

Nikafanya kile ambacho wengi wetu hufanya: nikaifuta yote na kuanza kuipakua upya. Gigabaiti 70 na ushee. Usiku ule ukaisha, na nusu ya siku iliyofuata pia. Ilipokamilika nikabofya, kiduara kikazunguka sekunde zilezile, kimya. Nikaondoa draiva ya kadi ya grafiki, yaani programu inayoiendesha, na kuweka mpya. Nikaiondoa mpya na kurudisha ya zamani. Nikawa nafuata ushauri wa huyu na yule, mambo matano kwa mpigo, kiasi kwamba hata gemu ingefunguka nisingejua ni kipi kilichoiponya. Siku ya nne ndipo nilipofungua sehemu ambayo nilipaswa kuifungua dakika ya kwanza, nikakuta Windows imeandika jina la mkosaji tangu jaribio la kwanza kabisa, na imelirudia kila nilipobofya.

Sehemu hiyo inaitwa Event Viewer, na naomba uijue vizuri kuliko dawa nyingine yoyote nitakayoitaja hapa. Bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika eventvwr.msc, kisha Enter. Upande wa kushoto fungua Windows Logs, halafu Application. Itatokea orodha ndefu yenye alama nyekundu na za njano. Usiogope, kompyuta nzima kabisa huwa nazo tele. Wewe tafuta mstari mwekundu ambao muda wake unalingana na dakika uliyobofya gemu, chanzo chake kikiwa Application Error na namba yake 1000. Ubofye, kisha usome maelezo ya chini. Mambo matatu yanakuhusu: jina la programu iliyoanguka, ambayo itakuwa gemu yako, jina la moduli (kipande cha programu) iliyokorofisha, lililoandikwa mbele ya maneno "Faulting module name", na namba ya kosa, ambayo kwa kawaida huanza na 0xc.

Kwangu mimi, jina la moduli halikuwa la gemu wala la Windows. Lilikuwa la kiprogramu nilichokuwa nacho cha kuonyesha joto la kadi na idadi ya fremu kwenye kona ya skrini. Nilipokikagua, nikakuta kilijisasisha mchana wa siku ileile gemu ilipoanza kugoma. Programu za namna hiyo hujipenyeza ndani ya gemu ili ziweze kuchora juu ya picha yake, na zikijipenyeza vibaya gemu hufa kabla hata ya kufungua dirisha. Nikakifunga, nikabofya gemu. Ikafunguka. Siku nne na gigabaiti 70, wakati kosa lilihitaji mbofyo mmoja.

Kwa hiyo utaratibu wangu siku hizi ni kusoma kwanza, kisha kugusa kitu kimoja tu na kujaribu. Kisiposaidia, nakirudisha kilivyokuwa kabla sijagusa kingine. Ni kazi ya subira, najua, hasa ukiwa umetoka kazini ukitaka kucheza saa moja ulale. Lakini ukigusa vitano kwa pamoja unaweza kuongeza kosa la pili juu ya lile la kwanza, na hapo hata anayejua atashindwa kukusaidia.

Wakati mwingine jina la moduli litakuwa ntdll.dll au KERNELBASE.dll. Hayo ni mafaili ya DLL, yaani vipande vinavyotumiwa na programu nyingi, ya Windows yenyewe, na mara nyingi hayana hatia: hapo ndipo maiti ilipookotwa, muuaji yuko kwingine. Usiende kuyabadilisha. Rudi kwenye namba ya kosa. 0xc0000005 maana yake programu imegusa sehemu ya kumbukumbu ya kompyuta (RAM) isiyoruhusiwa kuigusa. Ndiyo namba inayotokea sana, na ndiyo yenye habari kidogo kuliko zote. Ikitokea hiyo, mimi huanza na programu zinazochora juu ya skrini, kisha mods (nyongeza za gemu zinazotengenezwa na wachezaji), kisha draiva.

Na kama Event Viewer haina kitu chochote kwa dakika ile, usidhani umekosea. Mara nyingi ina maana gemu haikuanguka, bali imejifunga yenyewe baada ya kukosa kitu inachokihitaji. Hapo tafuta kumbukumbu za gemu yenyewe, yaani mafaili ambamo huandika kila kilichotokea. Gemu zilizotengenezwa kwa Unity, mojawapo ya programu za kutengenezea gemu, huandika faili liitwalo Player.log ndani ya AppData (folda iliyofichwa ya akaunti yako), kwenye folda ya LocalLow. Za Unreal, programu nyingine ya aina hiyo, kwa kawaida huwa na folda ya Saved ndani ya AppData\Local, na humo kuna Logs. Fungua kwa Notepad, nenda mstari wa mwisho kabisa, usome kwa kurudi juu.

Sasa kuna kosa moja ambalo linaniumiza kila nikiliona, kwa sababu dawa yake ni rahisi na watu huigeuza kuwa sumu. Mdogo wangu alinipigia simu siku moja.

"Kaka, gemu ilisema faili moja halipo, VCRUNTIME140.dll. Nimelipata, nimeliweka, sasa inaleta kosa jingine."

"Umelipata wapi?"

"Kuna tovuti inatoa mojamoja, unashusha tu."

Kosa jipya lilikuwa 0xc000007b. Nilimwomba anieleze alikoliweka, akasema kwenye System32, kama alivyoelekezwa. Hapo nikaelewa. Windows ya biti 64 ina folda mbili za mafaili haya, na majina yake yamekaa kinyume na unavyotarajia: System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na SysWOW64 ndiyo yenye ya biti 32. Yeye alishusha faili la biti 32 akaliweka kwenye nyumba ya biti 64. Gemu ikalikuta, ikajaribu kulibeba, ikashindwa, na 0xc000007b ndiyo namba inayotokea mafaili ya biti hizo mbili yanapochanganywa.

Tulilifuta faili hilo, kisha tukaenda kwenye tovuti ya Microsoft na kuchukua kifurushi cha Visual C++ Redistributable. Kifurushi kimoja kinahudumia programu zote zilizotengenezwa kwa matoleo ya 2015 hadi 2022, ila kwa kompyuta za kawaida za Intel na AMD kinakuja kwa sura mbili, x86 (ya biti 32) na x64 (ya biti 64). Weka zote mbili, hata kama kompyuta yako ni ya biti 64, maana gemu nyingi za zamani bado ni za biti 32. Hakuna malipo, na ni dakika tano tu. Alipomaliza gemu ikafunguka, lakini nilimsihi aipitishe antivirusi kompyuta nzima, kwa sababu faili la DLL lililotoka kwa mtu usiyemjua ni programu kamili, na linaweza kufanya lolote likishaingia. Tafadhali, usishushe DLL mojamoja. Hata siku moja.

Ndugu wa kosa hilo ni lile la d3dx9_43.dll au XINPUT1_3.dll kukosekana. Hayo ni ya DirectX, sehemu ya Windows ambayo gemu huitumia kuchora picha na kusoma vidhibiti. Watu hushangaa: "Mbona nina DirectX 12?" Ni kweli unayo, lakini Windows 10 na 11 haziji na mafaili ya nyongeza yaliyotumiwa na gemu za enzi za DirectX 9. Microsoft iliyakusanya kwenye kifurushi cha Juni 2010, na kinaongezwa bila kudhuru DirectX mpya. Ukiwa na Steam, lile duka la gemu la mtandaoni, mara nyingi vifurushi hivi tayari vimo ndani ya folda ya Steamworks Shared, kwenye _CommonRedist. Unaviendesha tu kwa mkono.

Kuhusu kukagua mafaili ya gemu, yaani ile huduma ya Steam ya kuyalinganisha na nakala ya asili: ifanye kabla ya kufikiria kufuta. Inachukua dakika chache na inapakua kilichoharibika peke yake. Ila ina mpaka mmoja ambao watu wengi hawaujui. Inarudisha kilichopotea au kilichobadilika, haiondoi kilichoongezwa. Ukiwa uliwahi kuweka mod ukaifuta nusunusu, faili kama dinput8.dll au dxgi.dll linaweza kubaki pembeni ya faili la kuanzishia gemu, na gemu italipakia hilo badala ya lile la Windows. Unakagua mara kumi, unaambiwa kila kitu ni kizima, na bado haifunguki. Hata kufuta gemu kunaweza kuliacha faili hilo palepale, kwa hiyo ukiipakua upya unalikuta linakusubiri. Ingia mwenyewe kwenye folda, panga mafaili kwa tarehe, angalia lipi halifanani na wenzake.

Antivirusi nayo isisahaulike. Gemu za watengenezaji wadogo hukamatwa mara kwa mara, faili la kuanzishia likawekwa kizuizini, nawe unabaki ukibofya njia ya mkato isiyoelekea popote. Fungua Windows Security, uangalie Protection history. Ukikuta limo, na gemu umeinunua sehemu halali, lirudishe na uiweke folda yake kwenye orodha ya vilivyosamehewa. Kama umeipata kwa njia za panya, sikushauri ulirudishe, maana inawezekana kabisa antivirusi iko sahihi. Na kama uliwahi kuwasha kinga ya folda dhidi ya virusi vya kudai fidia, gemu inaweza kuzuiwa kuandika kwenye Documents, ikakata tamaa na kujifunga bila neno.

Kwenye laptopu yenye kadi mbili za grafiki, ile ndogo iliyo ndani ya prosesa na ile kubwa, gemu ikishika ndogo inaweza kushindwa kuanza. Nenda Settings, System, Display, Graphics, uiongeze gemu na kuichagulia kadi yenye nguvu. Nimesaidia watu watatu kwa njia hiyo pekee, mmoja wao alikuwa amekwisha kuamua kuuza mashine.

Kabla sijaendelea, jambo moja la dhati. Utaambiwa ufute folda ya mipangilio ili gemu ijiandikie mpya, na ni ushauri mzuri: ukubwa wa skrini ambao kioo chako hakiuwezi, ukiandikwa humo, unatosha kuizuia gemu kufunguka. Lakini katika gemu nyingi folda hiyohiyo, au ya jirani, ndiyo yenye maendeleo yako uliyohifadhi. Usifute. Ibadilishe jina, uongeze neno "zamani" mwishoni. Gemu itatengeneza nyingine, na ukigundua tatizo halikuwa hapo unarudisha jina la awali. Rafiki yangu alifuta akiamini kila kitu kimo mtandaoni. Gemu ikafunguka, ikaanza tangu mwanzo, na nakala ya mtandaoni ikafutwa nayo kwa sababu kompyuta iliitangaza folda tupu kuwa ndiyo mpya. Kazi ya miezi ilipotea mbele ya macho yetu, na sikuwa na la kumwambia.

Kuna namba moja inayoleta habari mbaya: 0xc000001d. Maana yake prosesa imepewa amri isiyoijua. Gemu nyingi za sasa zinahitaji amri za AVX, zilizoingia kwenye prosesa za kawaida mwaka 2011, na baadhi zinahitaji AVX2, ambayo kwa Intel ilianza mwaka 2013. Tatizo ni kwamba Pentium na Celeron ziliendelea kutengenezwa kwa miaka mingi baadaye bila amri hizo, hivyo kompyuta inaweza kuwa si ya zamani sana na bado ikakosa. Programu ndogo ya bure, CPU-Z, itakuonyesha orodha ya amri ambazo prosesa yako inazijua. Ukikuta AVX haimo, hakuna draiva wala mpangilio utakaokusaidia. Ni mtengenezaji peke yake anayeweza kutoa sasisho. Hali ni hiyohiyo kwa mfumo: Steam iliacha kuhudumia Windows 7, 8 na 8.1 tangu tarehe 1 Januari 2024, na baadhi ya gemu za mashindano, Valorant mojawapo, kwenye Windows 11 hukataa kuanza hadi TPM 2.0 na Secure Boot, ambazo ni kinga za usalama za kompyuta, ziwe zimewashwa. Hizo mbili huwashwa kwenye BIOS, yaani mipangilio inayofunguliwa kompyuta inapowaka kabla ya Windows, na kompyuta nyingi zinazo, zimezimwa tu.

Ukifika mwisho bila mafanikio, waandikie watengenezaji, lakini usiwaandikie "gemu haifunguki". Nakili maandishi yote ya lile kosa namba 1000. Kisha bonyeza kitufe cha Windows na R, andika dxdiag, subiri imalize kukagua, uchague Save All Information, na uambatanishe faili litakalotoka. Taja pia kitu cha mwisho kilichobadilika kwenye kompyuta kabla gemu haijaanza kugoma.

Na angalia tarehe uliyoinunua. Steam hurudisha fedha ndani ya siku 14 ikiwa gemu imechezwa chini ya saa mbili. Ila kama inafungua dirisha jeusi na kuganda, dakika hizo zinaweza kuhesabiwa kuwa umecheza, kwa hiyo usiiache ikiwa imeganda usiku kucha ukitumaini itaamka.