Maswali yenu kuhusu Mohamed Husen, mwigizaji wa Dar aliyefia Ujerumani

*Ni kweli Husen alikuwa mkalimani wa Carl Peters, kama filamu ya mwaka 1941 inavyoonyesha?*

Hapana, na hili nimelijibu mara nyingi. Husen alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904. Peters, mkoloni wa Kijerumani ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu, alifukuzwa utumishi wa serikali mwaka 1897. Husen alisimama kando ya Hans Albers, mwigizaji aliyevaa nafasi ya Peters, katika filamu iliyotengenezwa kumsafisha muuaji. Msisambaze picha zake kama ushahidi wa historia.

*Aliigiza filamu ngapi?*

Zaidi ya 20, tangu mwaka 1934. Nyingi ni za kupita tu.

*Aliigizia Wanazi. Huyo si msaliti?*

Neno hilo mnalitoa haraka mno. Vita vya 1914 vilimkuta mtoto wa miaka kumi, akaingia jeshini pamoja na baba yake, askari wa Mjerumani. Mwaka 1929 alikwenda Berlin kudai mishahara yao ya vita. Wizara ya Mambo ya Nje ikamwambia amechelewa. Basi akabaki huko akihangaikia riziki: akawa mhudumu katika jumba la starehe la Haus Vaterland, akafundisha Kiswahili Chuo Kikuu cha Berlin, akaigiza. Mtu aliyewasahihishia Wajerumani ngeli zao darasani ndiye huyohuyo aliyewapelekea vinywaji mezani.

Simtakasi. Alivaa sare ya askari kwenye mikutano ya waliotaka makoloni yarudi, na hilo linaniuma. Lakini aliyemnyima haki yake ni nani? Anzeni kumlaumu huyo.

*Alifungwa kwa kosa gani?*

Mapenzi na mwanamke mzungu. Alikamatwa mwaka 1941 na kupelekwa Sachsenhausen, kambi ya mateso ya Wanazi, bila kupandishwa kizimbani. Akafia humo tarehe 24 Novemba 1944. Na wanaoniandikia kwamba Wanazi waliwaua Wayahudi peke yao, someni tena jibu hili.

*Kuna kumbukumbu yake yoyote?*

Ipo. Berlin, Brunnenstrasse namba 193, alikoishi. Ni kibamba cha shaba, upana wa kiganja, kilichopachikwa mwaka 2007 kwenye njia ya waendao kwa miguu. Lazima uiname ndipo usome jina alilopewa kwao: Mahjub bin Adam Mohamed.