Maswali ya Sheria: Dalali Ametupa Siku 45, Je, Mahakama Inaweza Kuizuia Benki?

SWALI: Mume wangu aliweka rehani nyumba tunamoishi ili apate mkopo wa biashara. Biashara ilipodorora tulishindwa kulipa, wakati huo salio la mkopo likiwa shilingi milioni 2.6. Sasa benki inadai milioni 6.1, na dalali ametuletea notisi ya siku 45. Hatukuwahi kupokea barua nyingine yoyote. Je, tumekwisha kuchelewa? – Msomaji, Kenya

JIBU: Hamjachelewa, dada yangu, ila muda uliobaki ni mfupi kuliko unavyoonekana. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inampa mkopaji haki ya kulipa deni na kukomboa mali yake wakati wowote kabla benki haijakubaliana na mnunuzi, na katika mnada makubaliano hayo hutimia nyundo inapogonga. Baada ya hapo, hata ikibainika kwamba mlikosewa, kwa kawaida mtabaki na dai la fidia tu.

Lenye uzito zaidi katika barua yako ni hizo notisi ambazo hamkuziona, kwa sababu notisi ya dalali ndiyo ya mwisho katika mlolongo. Mkopaji akikaa mwezi mmoja bila kulipa, kifungu cha 90 kinaitaka benki imwandikie ikitaja kiasi anachodaiwa, impe angalau miezi 3 ya kukilipa, na imjulishe kwamba ana haki ya kuomba nafuu mahakamani. Muda huo ukipita, kifungu cha 96 kinataka notisi nyingine, ya kuuza, ya siku zisizopungua 40, ambayo nakala yake hupewa pia mke au mume aliyeridhia rehani. Mkiapa kwamba hamkuzipata, benki ndiyo itakayotakiwa kuthibitisha kwamba ilizituma. Lakini kabla hamjaapa, tazameni anwani ya posta iliyoandikwa katika hati ya rehani: barua iliyotumwa katika sanduku ambalo mliacha kulifungua inaweza kuhesabiwa kuwa imewafikia.

Wewe mwenyewe, kama mke anayeishi katika nyumba hiyo, unaweza kupeleka ombi la nafuu, na kuomba huko hakuhesabiwi kuwa ni kukiri kosa. Je, ulitia sahihi au kuridhia rehani hiyo kwa maandishi? Ikiwa hapana, mwambie wakili wako hilo kabla ya jambo lingine lolote, kwa maana kifungu cha 79 kinasema rehani ya nyumba ya familia ni halali tu ikiwa mwenzi anayeishi humo ameridhia.

Kuhusu riba, kifungu cha 44A cha Sheria ya Benki kinaweka kikomo: mkopo ukishaacha kulipwa na kuhesabiwa kuwa mbovu, riba inayodaiwa haiwezi kuzidi salio la siku hiyo. Kwa takwimu zako, salio na riba pamoja havipaswi kupita milioni 5.2, mbali na gharama halali za kufuatilia deni. Hata hivyo, msitegemee hoja hii peke yake. Mahakama zimesema mara nyingi kwamba mabishano juu ya kiasi cha deni hayatoshi kuzuia mnada.

Tangu kesi ya Giella dhidi ya Cassman Brown ya mwaka 1973, anayeomba zuio la muda huonyesha kwamba ana kesi ya msingi, yaani hoja zenye uzito wa kutosha kusikilizwa, na kwamba atapata hasara isiyoweza kufidiwa kwa fedha. Jaji akiwa na shaka, hupima ni upande upi utaumia zaidi. Sharti la pili huwaangusha wengi, kwa kuwa mali iliyowekwa rehani huchukuliwa kuwa ina bei.

Zuio likitolewa kwa sababu ya notisi, benki itaweza kuanza upya, na deni litabaki palepale. Ndiyo maana ningewasihi mwende mahakamani mkiwa na pendekezo la malipo lililoandikwa, na kiasi fulani mkononi, kwani jaji anaweza kuahirisha mauzo au kuwaongezea muda kwa sharti kwamba mweke fedha. Leo hii iombeni benki taarifa kamili ya akaunti ya mkopo pamoja na nakala za notisi zote inazodai kuwa ilituma, na muitunze nakala ya barua yenu iliyogongwa muhuri wa kupokelewa.