Kile kidole ni cha Mutombo

Mwaisa, umeuliza vijana wetu wa kikapu hapa Mwanjelwa wamekitoa wapi kile kidole wanachotikisa wakishapangua mpira. Ni cha Dikembe Mutombo, Mkongo wa Kinshasa, sentimita 218 huyo! Alienda kusoma Georgetown, Marekani, akiwa na ndoto ya udaktari. Kocha John Thompson akamvuta kwenye kikapu.

Ukiwa na bando, tafuta mwisho wa mechi ya 5 ya Denver, timu yake Mutombo, na Seattle, kwenye NBA (ligi ya kikapu ya Marekani), 1994. Denver waliingia mtoano wakiwa nafasi ya 8, wakawatoa Seattle waliokuwa vinara, na Mutombo amelala chali sakafuni, mpira kaushika juu ya kichwa kwa mikono miwili, anacheka kama mtoto.

Ubingwa wa NBA hakuwahi kupata. Mlinzi bora wa mwaka mara 4, akastaafu 2009. Kwangu mimi kubwa zaidi ni hospitali aliyojenga Kinshasa, akaipa jina la marehemu mama yake. Amefariki Septemba 2024.

Ila waambie hao madogo wasimtikisie mtu usoni, refa atawapa faulo ya kiufundi. Hata Mutombo mwenyewe baadaye ilibidi awatikisie mashabiki badala ya mpinzani.