Usisubiri nakala ya hukumu, kifungo kifupi huisha kabla ya rufaa kusikilizwa

Ndugu mleta uzi, umeandika kwamba mdogo wako amehukumiwa Jumatatu na Mahakama ya Wilaya hapa mkoani Kigoma kifungo cha miezi 18 kwa wizi, ukauliza ada ya wakili, uwezekano wa kumhamishia gereza la karibu na nyumbani, na kama ni kweli mtulie hadi nakala ya hukumu itoke ndipo mkate rufaa. Hilo la mwisho si kweli. Ushauri huo huo ulitolewa kwa familia yetu, na mpwa wangu akatumikia kifungo ambacho Mahakama Kuu ilikuja kukifuta.

Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20, inampa aliyetiwa hatiani na Mahakama ya Wilaya siku 10 za kutoa notisi ya kusudio la kukata rufaa. Notisi hiyo haihitaji nakala ya hukumu wala sababu za rufaa. Ni karatasi moja ya kusema kwamba fulani hakuridhika na anakusudia kwenda Mahakama Kuu. Nakala inahitajika kwenye rufaa yenyewe, yenye siku 45, na muda wa kusubiri nakala hautiwi katika hesabu ya siku hizo. Kishoka, yaani mtu asiye wakili anayejifanya mjuzi wa sheria, aliyetuandikia karatasi alizifanya hatua hizi mbili kuwa moja. Alikuwa na meza na muhuri, alitoza kwa kila ukurasa, na kila tulipomuuliza alisisitiza kwamba rufaa bila nakala ni jembe bila mpini. Mtu wa namna hiyo ni dhalimu, kwa sababu anawauzia watu waliochanganyikiwa uhakika asiokuwa nao, na siku zikishapita haonekani tena.

Siku 10 zilipopita ikabidi kwanza tuombe kuongezewa muda, na ombi hilo ni shauri linalojitegemea, lenye viapo vyake na maahirisho yake, huku kifungo kikiendelea kuliwa. Mfungwa mwenye adhabu inayozidi mwezi mmoja hupata msamaha wa theluthi kwa mwenendo mzuri, hivyo miezi 18 hugeuka 12. Rufaa ilipoitwa, mpwa wangu alitokea nyumbani, amevaa shati la kuazima, akasimama bila askari pembeni. Wakili wa Serikali mwenyewe aliiunga mkono rufaa, kwa kuwa ushahidi wa kumtambua mpwa wangu usiku haukukidhi vigezo vya kesi ya mtu aitwaye Waziri Amani ya mwaka 1980, inayotaka utambuzi wa macho usiache nafasi ya kumfananisha mtu, na jaji akafuta hatia akaamuru aachiwe huru. Aachiwe kutoka wapi?

Kumaliza kifungo hakuiui rufaa, na hatia ikifutwa jina husafika. Hilo si dogo, kwani Katiba humzuia kugombea ubunge mtu aliyefungwa kwa kosa la utovu wa uaminifu ndani ya miaka mitano kabla ya uchaguzi. Lakini msimu wa kilimo aliokosa na kibarua chake cha bandarini havikurudi.

Kwa hiyo notisi ikishapokelewa, ombeni mara moja dhamana ya kusubiri rufaa, yaani mfungwa akae nje hadi rufaa iamuliwe. Katika kiapo elezeni waziwazi kwamba adhabu ni fupi na itaisha kabla ya rufaa kusikilizwa, kisha onyesheni hoja zinazoipa rufaa nafasi kubwa ya kufaulu, kwa maana mahakama huyatazama yote mawili. Dhamana hii haitolewi kwa wepesi kama ile ya kabla ya hukumu, na rufaa ikishindwa siku alizokaa nje hazihesabiwi katika kifungo. Hata hivyo, kwa adhabu fupi sioni njia nyingine ya kuifanya rufaa imkomboe mtu akiwa bado ana kifungo cha kukombolewa.

Mdogo wako amwambie mkuu wa gereza kwamba anataka kutoa notisi, aweke sahihi au dole gumba, nayo itapelekwa mahakamani kupitia gereza. Wewe peleka masijala ya mahakama, ofisi ya kumbukumbu zake, barua ya kuomba nakala ya hukumu na ya mwenendo wa shauri, na uhakikishe nakala yako ya barua imegongwa muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Siku 10 zimekwisha kuanza kuhesabiwa tangu hiyo Jumatatu, basi nenda gerezani kesho asubuhi.