Begi la mlangoni: nilipokosea mara mbili na ninachofunga sasa

Nimekimbia maji ya mafuriko mara mbili, na mara zote mbili mambo yaliniendea kombo. Mara ya kwanza sikuwa na begi la dharura. Mara ya pili nilikuwa nalo, tena nimelishona kwa mkono wangu, na halikutoka ndani. Haya ninayoandika ni ya mtu anayeishi bondeni, Kigogo, hatua chache kutoka Mto Msimbazi. Wewe wa ghorofani au wa mlimani chukua linalokufaa.

Desemba 2011 nchi ilikuwa ndiyo kwanza imetoka kusherehekea miaka 50 ya Uhuru. Tarehe 20 mvua ikaanza, ikashuka mpaka Mamlaka ya Hali ya Hewa ikasema Dar es Salaam haijaona mvua ya namna ile tangu 1954. Watu zaidi ya 40 walikufa jijini. Mimi nilikuwa mpangaji, chumba na sebule, mume yuko safarini, mtoto ana miaka minne, mama mkwe amekuja kutibiwa macho. Maji yalipofika kizingitini nilikuwa na kama dakika kumi hivi. Unajua nilizitumia kufanya nini? Nililegeza skrubu za cherehani. Nikakitoa kichwa chake mezani, nikakiviringisha kwenye kitenge, nikajitwika. Mtoto mgongoni, mama mkwe nimemshika mkono, tukatoka.

Watu huniuliza kama najuta. Kwa cherehani, hata kidogo. Ilinilisha Januari yote, nashona sare za shule nikiwa nimejibanza barazani kwa dada yangu. Ninachojutia ni bahasha ya kaki iliyobaki chini ya godoro. Mle kulikuwa na cheti cha kuzaliwa cha mtoto, kadi yake ya kliniki, cheti changu cha kidato cha nne na mkataba wa pango. Kwenye shule tuliyojihifadhi walipita watu wa kuandika majina ya waathirika, nikaulizwa nina kitu gani cha kuonesha kwamba nilikuwa naishi kule. Nikawaonesha cherehani. Walicheka, na mimi nikacheka, lakini jina langu likaandikwa pembeni kwa penseli. Baada ya hapo ni safari: polisi kuchukua ripoti ya upotevu, serikali ya mtaa kuchukua barua, RITA, ofisi ya vizazi na vifo, kufuatilia cheti cha mtoto, rudi kesho, rudi Jumatatu. Ilinichukua miezi.

Hapo ndipo nilipoelewa begi ni la nini. Maji yakiwa mlangoni, mikono itashika kinachopendwa na moyo, usijidanganye kwamba utatulia na kuchagua. Jirani yangu mmoja alitoka na televisheni kichwani. Mwingine alitoka na kuku wawili kwapani, dawa zake za sukari zikabaki kabatini. Siwacheki, na mimi niliokoa chuma. Basi iache mikono ishike inachotaka. Begi liwe limeshabeba yale ambayo hakuna anayeyakumbuka saa ile, na likae mgongoni ili mikono ibaki kwa ajili ya mtoto, mzee na cherehani.

Nikashona begi. Fundi akiamua kujishonea hajui kiasi: nilichukua turubai zito la lori, mikanda miwili ya mabegani, mifuko minne, zipu kubwa. Nikajaza. Maji lita tano, sufuria, blanketi, mikebe ya maharage, nyundo (usiniulize ya nini), redio, betri, nguo za watu wanne. Likakaa nyuma ya mlango na kila aliyeingia akalisifia.

Aprili 2018 maji yakaja mchana, mimi niko Kariakoo kununua nyuzi. Jangwani barabara imefungwa, hakuna basi wala bajaji inayopita, nikabaki ng'ambo nimeshika simu. Nyumbani yupo binti yangu, wakati huo anakaribia miaka kumi na moja, na bibi yake. Binti akavuta begi, likasogea kidogo. Akajaribu tena. Bibi akamwambia, "Liache, mjukuu wangu, twende." Wakaliacha. Nilipofika siku ya pili nililikuta limekwama chini ya meza, limelowa mpaka ndani. Turubai halipitishi maji, hilo ni kweli, ila matundu ya sindano yanapitisha, na mimi nilikuwa nimepiga mishono miwili miwili kuanzia juu hadi chini. Betri zilikuwa zimevuja zamani, kabla hata ya mafuriko. Nililipeleka duka la nafaka mtaani baada ya kulikausha, vitu vyote vikiwemo, tukalipima: kilo 17.

Kwa hiyo kitu cha kwanza ninachomwambia mtu ni hiki. Tafuta nani dhaifu kuliko wote kati ya wale wanaoweza kujikuta nyumbani peke yao, mvalishe begi, mwambie atembee nalo mpaka kwa mjumbe na kurudi. Akirudi anahema, punguza. Langu la sasa nilianza nalo kwenye kilo sita.

Maji ya kunywa yalikuwa ya kwanza kutolewa. Lita moja ni kilo moja, na bondeni kwetu hatukimbilii jangwani, tunapanda mtaa wa juu. Nabeba chupa moja ya lita moja na nusu ya kutuvusha usiku, na vidonge vya kutibu maji, ambavyo uzito wake ni sawa na bure. Usidharau vidonge hivyo. Mvua kubwa ikinyesha wapo majirani wanaotapisha vyoo, wanatoboa shimo mto ubebe uchafu, na kinachopita mlangoni mwako ni hicho. Kipindupindu kilichoanza jijini Agosti 2015 kilitutesa muda mrefu, na sisi wa mabondeni tunajua maji machafu yanavyoingia hadi kwenye mitungi. Pamoja na vidonge nimeweka paketi za chumvichumvi za kuharisha. Zikiisha, lita moja ya maji safi, vijiko vidogo sita vya sukari na nusu kijiko kidogo cha chumvi, vijiko viwe vimesawazishwa, si vya kilima.

Karatasi sasa hazikai kwenye bahasha. Zinakaa kwenye kopo la plastiki lenye mfuniko wa kuzungusha, lile lililokuwa la pipi dukani. Nimeviringisha vyeti vyote, nikafunga mfuniko, nikazungushia utepe wa tyubu ya baiskeli. Kabla ya kuliamini nilililaza kwenye beseni la maji usiku kucha, juu nimeweka jiwe, ndani nimeweka gazeti. Asubuhi gazeti lilikuwa kavu. Fanya jaribio hilo kwa gazeti, usifanye kwa cheti. Ndani mna vyeti vya kuzaliwa, kitambulisho cha taifa kila mtu mzima na chake, kadi za bima, kadi za kliniki, vyeti vya shule, na kwa sababu sasa tuna kibanda chetu, leseni ya makazi na risiti zake. Ukiwa mpangaji weka mkataba na barua ya serikali ya mtaa inayokutambua. Hiyo barua waombe wakati jua linawaka, mwenyekiti ana nafasi na muhuri uko mezani. Nakala za vyote nimeziacha kwa dada yangu Mbagala, na picha zake nimejitumia mwenyewe kwenye simu.

Mle mle kwenye kopo kuna karatasi yenye namba za simu kumi kwa mwandiko mkubwa. Simu ikizima hujui hata namba ya mumeo, jaribu sasa hivi uone. Simu yenyewe ya dharura ni kitochi, kile cha vibonye kinachokaa na chaji siku nne, kina laini na salio kidogo. Zimamoto na uokoaji ni 114, polisi ni 112. Pesa taslimu nimeweka noti ndogo ndogo, za elfu moja na elfu mbili. Siku ya mafuriko bodaboda hana chenji, na ukimpa elfu kumi ndiyo nauli.

Sasa kanga. Kama ningeambiwa nibakize kitu kimoja tu cha nguo, ningebakiza doti mbili za kanga na kuacha mengine yote. Usiku wa kwanza darasani mnalala watu arobaini, wanaume, wanawake na watoto, na hakuna pa kubadilishia nguo. Kamba ya manila ya mita kumi ukiifunga dirisha hadi dirisha na kutundika kanga, umepata chumba. Ukiitandika ni shuka, ukijifuta ni taulo, mtoto ukimfunga mgongoni ni mbeleko, jeraha ukilifunga ni bandeji. Sweta la mama mkwe na nguo moja moja ya kila mtu zinatosha, maana siku ya tatu nguo za msaada huwa zinaletwa, ingawa mara nyingi ni suruali kubwa za wazee. Pedi hakuna anayekumbuka kuleta. Weka zako na paketi ya ziada, kuna msichana pembeni yako atakayeona aibu kuuliza.

Viatu havimo ndani ya begi, vimefungwa kwa nje kwa kamba zake. Ni raba. Mwanzoni nilinunua mabuti ya mvua nikijiona mjanja, lakini maji yakipita juu ya buti linajaa, na mguu unakuwa mzito kama umefungwa tofali. Ndala nazo zinachukuliwa na tope hatua ya pili, kisha unakanyaga misumari na chupa usivyoviona. Na maji yanayokimbia yakishafika magotini usiyavuke kabisa, hata ukiwa na raba mpya. Panda juu ya kitu usubiri kuokolewa.

Dawa: za wiki mbili za presha za mama mkwe. Ukiwa mtumiaji wa dawa za kila siku, ziwe za sukari, kifafa, pumu au za kufubaza virusi, nyumbani mwako kusikose akiba ya kuweka mbali na kabati, na kadi yako ya kliniki iende nayo. Tochi ya kuvaa kichwani, betri zikiwa nje ya tochi. Filimbi. Kiberiti ndani ya chupa ya dawa. Sabuni ya kipande. Chakula ni tende, karanga na visheti. Maharage ya mkebe niliyafuta pale nilipokumbuka kwamba kifungulio kilikuwa jikoni.

Begi hili limeshonwa kwa turubai jepesi, na mishono yote nimeipaka nta ya mshumaa ndani na nje, nikapitisha pasi ya uvuguvugu juu ya gazeti ili nta iingie kwenye matundu. Linatundikwa kwenye msumari nyuma ya mlango, kimo cha mabega ya binti. Si juu ya kabati, wala si uvunguni. Kule Katesh, Jumapili ya Desemba 3, 2023, tope liliposhuka kutoka Mlima Hanang, watu hawakupewa hata zile dakika zangu kumi.

Sisi wa Msimbazi tukiwa makini tunapewa zaidi ya kumi. Mto wetu unaanzia milima ya Pugu, kwa hiyo siangalii wingu la Kigogo, nampigia simu shangazi Kisarawe. Kule ikinyesha usiku kucha, huku hata jua likiwaka najua kinachokuja. Naangalia na mwezi pia. Bahari ikiwa na bamvua, yale maji makubwa ya mwezi mpevu na mwezi mwandamo, maji ya mto yanachelewa kutoka pale daraja la Salenda, mto unapoingia baharini, yanarudi kutukaa shingoni. Na taarifa ya Hali ya Hewa nimejifunza kuisoma kwa rangi: njano ni angalizo, nachaji kitochi, rangi ya machungwa ni tahadhari, mama mkwe anakwenda kulala kwa dada, nyekundu ni tahadhari kubwa, na hapo sisubiri maji yafike kizingitini. Tukitoka nazima meni swichi, nafunga mtungi wa gesi na kuufunga kamba kwenye nondo za dirisha, maana mtungi unaelea na kuondoka zake.

Mara mbili kwa mwaka tunalifungua, mwisho wa Februari kabla ya masika na mwisho wa Septemba kabla ya vuli. Watoto wanaipenda siku hiyo kwa sababu visheti vya zamani ni vyao. Nguo zilizobana zinatoka, dawa zinabadilishwa.

Februari hii mama mkwe alikuja na mfuko wake wa kitambaa cheupe, akauweka juu ya meza. Nilijua kilichomo. Ni sanda yake, udi kidogo, karafuu maiti na hela ya maziko, ameviweka kando ya kitanda tangu ninaolewa, na katika mafuriko yote mawili alitoka navyo ndani ya gauni bila kumwambia mtu. Nilikuwa napanga begi miaka yote hii na mwenye begi tayari analala chumba cha pili. Nikamwambia, "Mama, tunapunguza uzito." Akasema, "Na mimi nimechoka kuubeba kifuani, beba wewe." Tukaingiza.

Nikalipeleka tena duka la nafaka. Mizani ikasoma kilo sita na robo tatu. Muuza duka akaniuliza nasafiri lini.