LSU 2019 hawakubebwa na ratiba

Ndugu yangu unayesema LSU 2019, timu ya futiboli ya Marekani ya Chuo Kikuu cha Louisiana State, walibebwa na ratiba rahisi, hapana aisee. Wale jamaa walicheza mechi 15 wakashinda zote, wakawafunga chuo cha Alabama 46-41 kwao kwao Tuscaloosa, nusu fainali ya ubingwa wa vyuo Oklahoma wakala 63-28 na Joe Burrow, mrusha pasi mkuu wa LSU, alirusha pasi 7 za tachidauni (za kufunga) kabla hata ya mapumziko, hebu fikiria. Fainali New Orleans, Clemson wana ushindi wa mechi 29 mfululizo na wanaongoza 17-7, tukajua kimeumana, ila Burrow katulia tu, mpira mrefu kwa mdakaji wake Ja'Marr Chase, ikaisha 42-25 kwa LSU. Na huyo Burrow kule Ohio State, chuo chake cha kwanza, alikuwa anasugua benchi! Sijaona timu ya chuo tamu kama ile.