Jana hajulikani, leo yuko kwenye jalada

SWALI: Mzee wa Majarida, shikamoo. Ninajifunza Kijapani na mwenzangu anayenunua majarida ya manga (katuni za Kijapani) ya kila wiki. Miezi michache nyuma alinionyesha picha za binti mmoja wa miaka ishirini na kitu, amevaa vazi la kuogelea, hata jina lake hatukulijua. Sasa kila jalada ni yeye. Hawa hupandaje haraka hivyo? Au wanalipiwa?
Msomaji mwenye shaka

JIBU: Marahaba. Kabla ya kuwaza bahasha, tazama kalenda. Young Magazine ya kampuni ya uchapishaji Kodansha hutoka Jumatatu, Young Jump ya mpinzani wake Shueisha Alhamisi. Weekly Playboy nalo ni la Shueisha, Jumatatu tena (na halina undugu na lile jarida la Marekani, watu hunibishia sana hapa). Kwa mwaka hayo ni majalada zaidi ya mia, na mengi yanataka sura ya msichana. Mhariri akimrudia yuleyule kila wiki, wasomaji watamchoka. Ndiyo maana mgeni anatafutwa kwa sababu tu ni mgeni, na akipendwa na mmoja, wengine hawakubali kuachwa nyuma.

Kazi hii ya kupigwa picha za majarida huitwa gurabia. Jina limetoka kwenye uchapaji, ule wa silinda ya shaba iliyochongwa vitundu vya kubeba wino. Mimi niliyezeekea mtamboni huwa nacheka: mashine imewapa wanadamu jina la kazi!

Mlango mmoja maarufu ni shindano la Miss Magazine la Kodansha, lililoanza 1982, likasimama, likarudi 2018. Mlango mwingine ni wakala, jimusho kwa Kijapani, anayezunguka na picha za binti kwa wahariri. Hapo ndipo ningekuwa mzazi nisingelala. Tangu Aprili 1, 2022, utu uzima wa kisheria Japani ni miaka 18 badala ya 20. Zamani binti wa miaka 19 akisaini bila idhini ya mzazi, mkataba uliweza kutenguliwa. Sasa sahihi yake inamfunga mwenyewe, mbele ya wakala aliyesaini mikataba chungu nzima.

Halafu kuna jasho lisiloonekana jaladani. Kwenye maduka ya Akihabara, mtaa wa Tokyo, anayenunua DVD au kitabu cha picha hupata nafasi ya kumshika binti mkono au kupiga naye picha. Anasimama saa nzima akitabasamu, mtu mmoja baada ya mwingine, na wa mwisho naye anataka tabasamu kama la wa kwanza.

Wengine huitumia kazi hii kama ngazi. Binti aitwaye MEGUMI alijulikana kwa gurabia mwanzoni mwa miaka ya 2000; mwaka 2020 akapokea Blue Ribbon, tuzo ya filamu ya Japani, ya mwigizaji msaidizi. Hesabu hiyo miaka, kisha uniambie kama huko ni kupanda haraka.

Kuhusu binti wenu, muulize mwenzako kama ameshatoa shashinshu, yaani kitabu chake mwenyewe cha picha, na kama kinauzika. Jalada si kipimo: yale majarida mwenzako angeyanunua hata kama jaladani pangekuwa na paka, maana anafuata manga.